Ndugu akifa kwa ajali ya barabarani: jinsi familia inavyodai fidia

Mtu akigongwa na gari au pikipiki na kufa, familia hupata msiba na gharama kwa wakati mmoja. Mara nyingi mwenye gari huja matangani na pesa kidogo na karatasi ya kutia sahihi. Kabla ya kuitia, fahamu familia yako ina haki gani. Haki hizi ni za raia na za mkimbizi pia: Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2006 inamruhusu mkimbizi kwenda katika mahakama za Uganda.

Njia ni tatu, na kila moja inasimama peke yake

1. Kesi ya jinai. Polisi na serikali wanamshitaki dereva. Lengo ni adhabu, lakini dereva akitiwa hatiani, mahakama inaweza pia kumwamuru alipe fidia.

2. Bima. Kila gari na kila pikipiki, hata bodaboda, inatakiwa kuwa na bima ya mtu wa tatu. Sheria ya bima hiyo ni ya mwaka 1989, nayo iliweka kikomo cha shilingi milioni 1 kwa mtu mmoja na milioni 10 kwa ajali moja, hata waathirika wakiwa wengi. Kwa familia iliyopoteza mtu anayeilisha, kiasi hicho ni kidogo sana.

3. Kesi ya madai. Familia inamshitaki dereva na mwenye gari kwa uzembe uliosababisha kifo. Hapa kikomo cha bima hakimfungi hakimu. Anaangalia marehemu alikuwa akipata nini, alikuwa na umri gani na nani walimtegemea.

Siku za kwanza

• Toa taarifa polisi mara moja. Ukiwa Nakivale, anza na kituo cha polisi kilicho karibu na mwenyekiti wako wa RWC. Omba namba ya kumbukumbu ya kesi na uiandike.
• Andika namba ya gari, jina la kampuni ya bima lililo kwenye stika, na majina na simu za walioona ajali. Piga picha ukiweza.
• Mwili uchunguzwe na daktari kabla ya mazishi. Polisi hujaza Fomu namba 48 kuomba uchunguzi huo. Kama dini yenu inataka mazishi ya haraka, waambieni polisi na daktari mapema. Bila ripoti ya daktari ni vigumu kuonyesha kwamba kifo kilitokana na ajali, hasa kama majeruhi alifia hospitali ya rufaa ya Mbarara siku nyingi baadaye.
• Tunza risiti zote: hospitali, sanduku, usafiri wa mwili, mazishi.

Karatasi za kuandaa

• Ripoti ya polisi kuhusu ajali na ripoti ya daktari.
• Cheti cha kifo. Vifo vyote, pamoja na vya wakimbizi, husajiliwa na NIRA.
• Nakala ya karatasi ya familia ya OPM. Itoe kabla jina la marehemu halijafutwa, kwa sababu inaonyesha nani walikuwa nyumba moja naye. Kama ndoa yenu ilifungwa kimila Kongo au Burundi na haina cheti, karatasi hii na barua ya RWC au ya viongozi wa dini husaidia.
• Ushahidi wa kipato: barua ya mwajiri, rekodi za pesa za simu, au mashahidi wa biashara yake sokoni.

Nani anaweza kudai?

Mume au mke, watoto na wazazi wa marehemu. Babu, bibi na wajukuu nao wanahesabiwa. Mara nyingi mtu mmoja huteuliwa kusimamia mirathi kwa niaba ya wote. Kazi hiyo huanzia katika ofisi ya Msimamizi Mkuu wa Mirathi, kisha huenda mahakamani.

Usichelewe. Chukua mwaka mmoja tangu siku ya kifo kuwa mpaka wako, kwa bima na kwa kesi ya madai. Kama gari ni la serikali, anayeshitakiwa ni Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Kama ni la Umoja wa Mataifa, lina kinga mahakamani, kwa hiyo madai huandikwa moja kwa moja kwa shirika lenyewe.

Pesa za matangani

Kupokea mchango wa mazishi si kosa. Hatari iko kwenye maneno ya karatasi. Kama imeandikwa kwamba familia “imemaliza mambo yote” au “haitadai tena”, sahihi yako inaweza kutumiwa kukuzuia kudai baadaye. Omba iandikwe “mchango wa mazishi” tu, itafsiriwe kwa lugha unayoielewa, na ubaki na nakala. Usimwachie wakala au mtu wa kati karatasi zako za asili.

Wapi kupata msaada

Refugee Law Project hutoa ushauri wa kisheria bure kwa wakimbizi, Nakivale na Mbarara. Chama cha Wanasheria wa Uganda kina huduma ya msaada wa kisheria Mbarara kwa wasio na uwezo. Kampuni ya bima ikikataa au ikikawia kulipa, peleka malalamiko kwa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima, IRA. Kama hujui uanzie wapi, piga bure 0800 323232, simu ya msaada kwa wakimbizi.