Rufaa Ilipotoka Mikononi mwa Bwana DC

Mkulima wa Tanganyika aliyeshindwa kesi ya shamba mwaka 1935 hakuwa na jaji wa kumkatia rufaa. Mahakama Kuu ilikuwapo Dar es Salaam, lakini Sheria ya Mahakama za Wenyeji ya 1929 ilimfungia mlango. Shauri lake lilianzia barazani kwa chifu au liwali, likapanda kwa mkuu wa wilaya, kisha kwa mkuu wa jimbo, na mwisho kwa Gavana. Bwana DC aliyesimamia kodi yake ndiye huyohuyo aliyesikiliza rufaa yake. Mwafrika alimwona jaji hasa aliposhtakiwa kwa kosa zito kama mauaji. Mzungu alikuwa na njia yake, na njia hiyo ilifika hadi London.

Sheria mpya ya 1951 ilimwondoa Gavana kileleni, ila mkuu wa wilaya alibaki palepale. Ilibidi uhuru uje kwanza. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963, iliyoanza kutumika mwaka uliofuata, ilizifuta mahakama za wenyeji na kuweka ngazi moja kwa kila mtu: Mahakama ya Mwanzo, ya Wilaya, kisha Mahakama Kuu. Kwangu mimi, hayo ndiyo mapinduzi makubwa kuliko yote katika historia ya mahakama zetu, ingawa hayatajwi sana.

Mahakama ya Mwanzo ilipewa sura ya pekee. Hakimu aliketi na wazee wa baraza, na kwa sheria ya 1984 kura zao zilihesabiwa pamoja na yake katika kutoa hukumu. Shauri liliendeshwa kwa Kiswahili, na mawakili hawakuruhusiwa kuingia. Ndoa, mirathi, madeni, wizi mdogo: mengi ya maisha yetu yamepita pale. Asiyeridhika ana siku 30 za kukata rufaa Mahakama ya Wilaya.

Juu kabisa palikuwa na Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, iliyokufa pamoja na Jumuiya mwaka 1977. Tanzania ikaunda yake mwaka 1979, inayopokea pia rufaa za Zanzibar, isipokuwa mashauri ya Kadhi. Lakini shauri lililozaliwa Mahakama ya Mwanzo halifiki huko mpaka Mahakama Kuu ithibitishe kuwa lina hoja ya kisheria.

Na lilipopanda, lilibadilika lugha. Shahidi alisema Kiswahili, jaji akaandika Kiingereza, na mdaawa akaondoka na nakala ya hukumu asiyoweza kuisoma. Dhuluma hiyo tuliivumilia miaka mingi mno. Mwanzoni mwa 2021 Jaji Zephrine Galeba, akiwa Mahakama Kuu Musoma, aliandika hukumu kwa Kiswahili. Muda mfupi baadaye Bunge likapitisha sheria ya kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama zote, na kazi ya kuzitafsiri sheria zilizoandikwa kwa Kiingereza ikaanza.