Waraka Ambao Haukusomwa Polotsk

Jioni ya tarehe 16 Agosti 1773, askari wa Papa waliizunguka nyumba ya watawa inayopakana na kanisa la Gesù, katikati ya jiji la Roma. Afisa wa Kanisa aliingia ndani, akamwita Padre Lorenzo Ricci, Mkuu wa Shirika la Yesu, na kumsomea waraka wa Papa Klementi XIV. Ulipokwisha kusomwa, Ricci hakuwa tena mkuu wa mtu yeyote. Shirika lililoidhinishwa mwaka 1540, ambalo katikati ya karne ya 18 lilikuwa na watawa zaidi ya 22,000 na mamia ya shule katika mabara manne, lilikuwa limefutwa na Papa yuleyule ambaye wanashirika wake wakuu walimwekea nadhiri ya pekee ya utii.

Walioshinikiza lifutwe walikuwa wafalme Wakatoliki. Ureno ndiyo iliyoanza. Mwaka 1750 Ureno na Hispania zilibadilishana ardhi Amerika Kusini, na vijiji saba vya Waguarani, vilivyokuwa chini ya malezi ya Wajesuiti, kama watawa wa shirika hilo wanavyoitwa, vikaamriwa kuhama. Waguarani walikataa, wakashika silaha, wakapigwa. Waziri mkuu wa Ureno, ambaye historia inamjua kwa jina la Markizi wa Pombal, aliwabebesha mapadre lawama yote. Likaja tetemeko la ardhi lililoibomoa Lisbon tarehe 1 Novemba 1755, na Mjesuiti mzee, Gabriele Malagrida, akaandika kwamba ile ilikuwa adhabu ya Mungu. Pombal, aliyekuwa akihangaika kuujenga mji upya, hakumsamehe. Mfalme José I aliponusurika kuuawa kwa risasi mwaka 1758, Wajesuiti walihusishwa na njama hiyo, na mwaka uliofuata wakafukuzwa katika himaya nzima. Malagrida alibaki gerezani. Mwaka 1761, akiwa na zaidi ya miaka 70, alinyongwa hadharani na mwili wake ukachomwa moto.

Amri hiyo ya kuwafukuza ilifika hadi huku kwetu Afrika. Francis Xavier, mmoja wa waanzilishi wa shirika, alikuwa ametia nanga Malindi mwaka 1542 akielekea India, na baadaye wenzake waliingia bonde la Zambezi. Mapadre waliokuwa huko Zambezi walikamatwa na kusafirishwa.

Ufaransa ilifuata, na huko chanzo kilikuwa deni. Padre Antoine Lavalette, mkuu wa misioni ya Martinique, alikuwa mfanyabiashara kuliko alivyokuwa mmisionari. Aliendesha mashamba yaliyolimwa na watumwa Waafrika na kukopa fedha nyingi kwa wafanyabiashara wa Ufaransa. Vita vilipozuka, Waingereza waliziteka meli zilizobeba mazao yake, naye akashindwa kulipa. Wadai walilishtaki shirika zima. Kesi ikafika mbele ya Bunge la Paris, mahakama iliyojaa maadui wa Wajesuiti wa siku nyingi, na majaji wakadai kuziona katiba za shirika. Walichoanza kuhukumu kama deni walikimaliza kama uhai wa shirika lenyewe. Mwaka 1764 Mfalme Louis XV alitia saini amri ya kulivunja Ufaransa. Anayewalilia Wajesuiti wa karne ile asimruke Lavalette, wala asiwaruke watumwa wake. Aibu ile ilikuwa ya kweli, na wenye chuki waliitumia vizuri.

Hispania ilifanya kazi yake kimya kimya. Barua zilizofungwa kwa lakiri zilitumwa kwa maofisa katika himaya yote, zikiwa na siku maalumu ya kufunguliwa. Mwanzoni mwa Aprili 1767, kabla ya alfajiri, nyumba za Wajesuiti nchini Hispania zilizingirwa; makoloni yakafuata baadaye, na kwa jumla watawa wapatao 5,000 wakaanza safari ya uhamisho. Waliopelekwa kwa meli hadi Civitavecchia, bandari ya Papa, walizuiwa kushuka. Papa Klementi XIII, mtetezi wao, hakukubali Mfalme Carlos III amtupie maelfu ya watu bila mapatano. Wazee na wagonjwa walibaki baharini, kisha wakashushwa Corsica, kisiwa kilichokuwa vitani.

Klementi XIII alifariki Februari 1769. Konklave iliyofuata, yaani mkutano wa kumchagua Papa mpya, ilielemewa na swali moja tu, hatima ya Wajesuiti, na aliyechaguliwa alikuwa Mfransisko, Lorenzo Ganganelli, aliyechukua jina la Klementi XIV. Alivuta muda kwa miaka minne. Ufaransa ilikuwa imeishikilia Avignon, Napoli ikaishikilia Benevento, zote mbili mali za Papa, na balozi wa Hispania, José Moñino, hakumpa nafasi ya kupumua. Waraka wa kufuta, ulioandikwa tarehe 21 Julai 1773, unataja sababu ya amani ya Kanisa. Haumhukumu Mjesuiti yeyote kwa kosa la imani au la maadili. Baadaye Avignon na Benevento zikarudishwa. Moñino akapewa cheo cha ukabaila. Sijui namna ya kuyasoma mambo haya kwa pamoja bila kuona kwamba watu waliuzwa.

Ricci alifungwa katika ngome ya Sant'Angelo, ng'ambo ya mto Tiber. Madirisha ya chumba chake yalizibwa kwa mbao. Hakuruhusiwa kuadhimisha Misa. Wachunguzi walimhoji kuhusu hazina ya dhahabu ambayo uvumi ulidai shirika limeificha, na dhahabu hiyo haikupatikana. Hakufikishwa mbele ya mahakama yoyote. Novemba 1775, akiwa anakufa, kabla ya kupokea Ekaristi alitamka mbele ya mashahidi kwamba shirika halikutoa sababu yoyote ya kufutwa, na yeye hakutoa sababu yoyote ya kufungwa, kisha akasema amewasamehe waliomtenda hivyo. Akafa siku chache baadaye, bado mfungwa.

Shirika lingekuwa limekwisha hapo, isipokuwa kwa jinsi waraka ulivyotakiwa kutekelezwa. Haukuanza kufanya kazi pote kwa kutangazwa Roma peke yake. Kila askofu alipaswa kuwapelekea Wajesuiti wa jimbo lake na kuwasomea, nyumba kwa nyumba. Pasiposomwa, Mjesuiti alibaki Mjesuiti.

Mwaka mmoja kabla ya waraka huo, Urusi, Prussia na Austria zilikuwa zimejigawia vipande vya Poland. Kipande cha Urusi, katika nchi ambayo leo ni Belarus na sehemu ya Latvia, kilikuwa na Wajesuiti 201 na vyuo vyao, kikubwa kikiwa kile cha Polotsk. Malkia Katerina II, aliyezaliwa Mlutheri wa Kijerumani na kuwa Mwothodoksi, alipiga marufuku waraka huo kutangazwa. Hakuwa na mapenzi na upapa. Alitaka shule kwa raia wake wapya Wakatoliki, na hakutaka mtawala wa nje aamue nani afundishe ndani ya Urusi. Friedrich II wa Prussia alifanya vivyo hivyo kwa muda, kisha akalegeza. Katerina hakulegeza.

Mtu anayenigusa kuliko wote katika historia hii ni Stanisław Czerniewicz, gambera wa chuo cha Polotsk. Angeweza kushangilia. Badala yake alimwomba Katerina awaruhusu kumtii Papa, yaani awaruhusu kufutwa. Malkia akakataa. Dhamiri haikutulia. Je, kubaki hai ni kuasi? Alimwandikia Papa mpya, Pius VI, akiomba ishara yoyote. Jibu lililorudi mwaka 1776 lilikuwa fupi na la mafumbo: matokeo ya maombi yako yatakuwa mema, kama ninavyotabiri na kama unavyotamani. Pius VI hakuweza kusema zaidi, kwani Madrid na Paris zilikuwa zinasikiliza. Huko Polotsk ilitosha.

Lakini watawa huzeeka, na bila wanovisi, yaani vijana wanaoanza malezi ya utawa, shirika hujifia lenyewe. Mwanya ulitoka kwa Askofu Stanisław Siestrzeńcewicz, aliyekuwa amepewa na Roma mamlaka juu ya watawa wote wa Urusi ili awarekebishe. Akayatumia mamlaka hayo kuruhusu unovisi. Ulifunguliwa Polotsk Februari 1780 ukiwa na vijana wanane. Balozi wa Papa akalalamika, Katerina akashikilia msimamo. Mwaka 1782 Wajesuiti wa Urusi walikusanyika wakamchagua Czerniewicz kuwa mkuu wa muda, na mwaka uliofuata Pius VI akaliridhia jambo hilo kwa mdomo tu mbele ya mjumbe kutoka Urusi.

Habari zikaenea, na waliofutwa wakaanza kuandika barua. Hawa ndio ningependa wakumbukwe zaidi. Walikuwa wazee walioishi miaka 20 au 30 kama mapadre wa kawaida na walimu wa nyumbani, wakiomba kuhesabiwa tena miongoni mwa watu wa Polotsk, mji ambao wengi wao hawakuwahi kuuona. José Pignatelli, Mhispania aliyekuwa miongoni mwa waliotupwa Corsica, alirudia nadhiri zake Parma mwaka 1797. Wajesuiti wa zamani wa Uingereza waliunganishwa na wale wa Urusi mwaka 1803. Huko Maryland, Marekani, wachache walirudia nadhiri mwaka 1805. Papa Pius VII alikuwa ameshalithibitisha shirika la Urusi kwa maandishi mwaka 1801, na baada ya kuachiliwa kutoka mikononi mwa Napoleon alilirudisha ulimwenguni kote tarehe 7 Agosti 1814, katika kanisa lilelile la Gesù.

Mkuu wa shirika hakuwepo. Tadeusz Brzozowski alikuwa Urusi, na Tsar Alexander I hakumruhusu kuondoka kwenda Roma hadi Brzozowski alipofariki mwanzoni mwa 1820. Majuma machache baadaye Tsar aliwafukuza Wajesuiti wote nchini mwake na chuo cha Polotsk kikanyang'anywa. Walivuka mpaka, wengi wao wakiingia Galicia, chini ya Austria, wakafungua tena shule. Oktoba mwaka huohuo wajumbe walikutana Roma na kumchagua Luigi Fortis, Mwitalia, mkuu wa kwanza kukaa Roma tangu Lorenzo Ricci.