Kutoka Chumvi ya Uvinza hadi Nikeli ya Ntaka: Haki Baada ya Leseni Kufutwa

Mto Ruchugi hushuka kutoka nyanda za juu za Kasulu, ukaungana na Malagarasi huko Uvinza. Hapo kuna chemchemi za maji ya chumvi zilizotumika kwa zaidi ya miaka 1,000. Kila kiangazi, mito ilipopungua, Waha na majirani zao walikwenda kuyachota maji hayo, wakayachemsha kwenye vyungu juu ya moto wa kuni mpaka ikabaki chumvi tupu. Watawala wa Uvinza walichukua sehemu ya chumvi kama ushuru, na aliyelipa hakusumbuliwa. Mwanzoni mwa karne ya 20 Wajerumani walizitwaa chemchemi na kujenga kiwanda walichokiita Gottorp. Haki ya wachemshaji ilikuwa ya mazoea. Hawakuwa na hati ya kuonyesha wala mahali pa kuipeleka.

Hati sasa ipo. Chini ya Sheria ya Madini ya 2010, madini ni mali ya umma, na leseni humpa mtu haki ya kuyachimba kwa muda na kwa masharti. Mwenye leseni akivunja masharti hupewa kwanza hati ya makosa, inayotaja kosa na muda wa kulirekebisha. Majibu yake kwa hati hiyo ndiyo utetezi wa kwanza, na mara nyingi ndiyo rahisi kuliko wote.

Leseni ikifutwa, njia ya pili ni Mahakama Kuu. Katika mapitio ya kimahakama, jaji hapimi kama uamuzi ulikuwa wa busara, bali kama aliyeutoa alikuwa na mamlaka, alimsikiliza mhusika na alifuata utaratibu. Akiona kasoro huutengua. Kibali cha kufungua maombi hayo huombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Anayetaka fidia hufungua kesi ya madai, baada ya kuipa Serikali notisi ya siku 90.

Mtihani mkubwa ulikuja Januari 2018. Kanuni mpya, zilizofuata mabadiliko ya sheria ya 2017, zilifuta leseni zote za kuhodhi maeneo, yaani zile zilizomruhusu mwekezaji kushikilia eneo lenye madini akisubiri soko au mtaji. Safari hii hapakuwa na hati ya makosa, kwa kuwa aina yenyewe ya leseni ilikuwa imeondolewa. Kampuni za kigeni zilikimbilia mikataba ya kulinda uwekezaji. Waliokuwa na nikeli ya Ntaka, Nachingwea, walitumia mkataba wa Tanzania na Uingereza wa 1994 kwenda ICSID, kituo cha usuluhishi chenye makao Washington. Julai 2023 wasuluhishi waliamua kwamba mradi ulitwaliwa kinyume cha sheria, wakaamuru walipwe takribani dola milioni 109.5 pamoja na riba. Serikali iliomba hukumu ibatilishwe, kisha Julai 2024 pande mbili zikakubaliana dola milioni 90. Winshear, kampuni ya Kanada, ilikuwa imemaliza shauri lake kama hilo Oktoba 2023 kwa dola milioni 30.

Kabanga, wilayani Ngara, ilifuatwa njia nyingine. Leseni ya huko nayo ilifutwa, lakini Januari 2021 Serikali ilisaini makubaliano na mwekezaji mpya, ikapata hisa asilimia 16. Mazungumzo nayo ni njia ya kumaliza mgogoro.

Sheria Na. 5 ya 2017 inataka migogoro ya rasilimali za nchi isikilizwe ndani ya Tanzania. Lakini mikataba iliyokwisha kusainiwa iliendelea kuibana Serikali, na malipo hayo yote yalifuata baada ya sheria hiyo. Mchimbaji mdogo wa dhahabu wa Nyarugusu, Geita, hana mkataba wa kimataifa wa kumlinda. Kinga yake ni majibu yake kwa hati ya makosa na, leseni ikifutwa, Mahakama Kuu, na miezi yake 6 huanza kuhesabiwa tangu siku ya uamuzi.