Kilumi

Kilumi ni ngoma ya mizimu ya Wakamba, na jina hilo hutaja pia uchezaji wake. Hupigwa Kitui na Makueni nchini Kenya, nchi kame ambako mvua za vuli na za masika ndizo zinazoamua kama familia itakula. Mwanaethnografia kutoka Uswidi, Gerhard Lindblom, aliieleza katika kitabu chake cha 1920 kuhusu Wakamba.

Chombo chenyewe ni gogo lililochimbwa na kuwambwa ngozi. Kabla ya kupigwa huanikwa juani au karibu na moto, ngozi ikazike na sauti iwe kali. Wapigaji mara nyingi ni akina mama wazee, na hapo ndipo hasa penye hazina: wao ndio wanaojua mapigo na nyimbo za kuita aimu, yaani mizimu. Mzimu ukimpanda mchezaji, hutetemeka na kusema yanayotakiwa, iwe tiba ya mgonjwa au sadaka ya mvua kwenye ithembo, mahali patakatifu penye miti mikubwa.

Makanisa mengi yaliikataza ngoma hii kwa waumini wao.