Mwisho wa Wimbo

Mwaka 1983 kaka yangu alirudi Madibira kutoka Dar es Salaam na kaseti moja ya kunakili ya Orchestra Makassy. Jioni, tukitoka kwenye majaruba ya mpunga, tuliipiga kwenye redio kaseti yake mpaka betri zichoke na sauti ianze kuvuta. "Mambo Bado" ulikatika katikati kila mara, kwa kuwa aliyenakili aliishiwa mkanda. Kaka akiumalizia kwa mdomo, magitaa na yote.

Bendi hiyo ya Mzee Makassy ilianzia Kampala, ikahamia Dar enzi za Idi Amin. Humo walipita mafundi hasa: Mose Fan Fan, aliyekwisha kupiga gitaa katika OK Jazz ya Franco, na Remmy Ongala, aliyejiunga mwaka 1978, kisha akaenda Matimila. Fahali wawili hawakai zizi moja, na pale fahali walikuwa wengi. Haikuchukua miaka mingi wakatawanyika.

Redio Tanzania ilirekodi bendi za Dar ili nyimbo zipigwe hewani. Aliyetaka santuri alitazama Nairobi, nao mpaka wa Kenya ulifungwa Februari 1977, usifunguliwe hadi Novemba 1983. Makassy wakahamia huko huko. Wakarekodi "Agwaya", ikatolewa mwaka 1982 na kampuni ya Virgin ya London. Yaani muziki uliokomazwa kwenye kumbi za Dar ulisikika Ulaya kwa santuri safi, nasi tuliocheza nao tukaupata kwa kaseti ya wizi!

Mwaka 2005 ARC Music ya Uingereza iliitoa upya kwa CD, pamoja na nyimbo za nyongeza. Nyongeza hizo nazishukuru, maana zinaonyesha kuwa ghala la bendi lilizidi ile santuri. Jina ndilo sikulipenda. "Agwaya" limeondolewa, pakawekwa "Legends of East Africa", magwiji wa Afrika Mashariki, jina ambalo lingeifaa bendi yoyote.

Kaka alifariki mwaka 1998. Siku nilipoipata CD hiyo niliusikiliza "Mambo Bado" hadi mwisho kwa mara ya kwanza, peke yangu, mlango nimeufunga. Haukufanana hata kidogo na ule aliokuwa akiumalizia yeye.