Mac na gemu: kila apdeti na msiba wake

Wadau, kijana wa Rwamishenye akipata MacBook ya mtumba, kitu cha kwanza anabonyeza apdeti. Hapo ndipo gemu zinapofia.

Na siyo jambo jipya. Julai 2011 Apple walitoa Lion, wakaiondoa Rosetta, yaani ile programu iliyofanya gemu za Mac za PowerPC zicheze kwenye mashine za Intel. Zikazikwa kimya kimya.

Msiba mkubwa ni Oktoba 2019. Catalina ikakataa programu zote za biti 32. Chukua Portal: Mei 2010, Steam ilipoingia kwenye Mac, gemu hiyo iligawiwa bure kwa siku chache, watu wakaidaka. Weka Catalina leo, haifunguki. Na kuna waliolipia gemu kibao kwa hela yao, kwisha. Apple walionya mapema, sawa, ila yale maonyo nani anayasoma?

Wajanja wakabaki na Mojave ya 2018, ya mwisho kukubali biti 32. Nao wakabanwa: Februari 2024 Steam ikaacha kuihudumia.

Kwa hiyo mwenye gemu za kale aangalie kwanza Mac yake ina toleo gani, kabla hajachoma GB kadhaa za bando.