Troy Parrott ni nani? Safari ya mshambuliaji wa Ireland, kutoka mitaa ya Dublin hadi usiku wa Budapest

Novemba 16, 2025, katika uwanja wa Puskás Aréna mjini Budapest, saa ya uwanjani ilikuwa imeshapita dakika 90. Hungary na Jamhuri ya Ireland zilikuwa sare ya mabao 2-2, na sare hiyo iliitosha Hungary kumaliza nafasi ya pili katika kundi lao na kuendelea kuiota Kombe la Dunia la 2026. Ireland ilihitaji ushindi, si kitu kingine.

Katika dakika ya sita ya nyongeza, kipa Caoimhín Kelleher alipiga mpira mrefu, beki Liam Scales akaushusha kwa kichwa, na kijana mmoja akanyoosha mguu kabla ya beki na kipa kufika. Mpira ukaingia wavuni. Lilikuwa bao lake la tatu usiku huo, na la tano ndani ya siku nne. Jina lake ni Troy Parrott.

Baada ya mechi hiyo, baadhi ya wasikilizaji wetu waliuliza swali moja: huyu alikuwa wapi siku zote? Jibu fupi ni kwamba alikuwa akizunguka. Katika makala haya tunaeleza alikotoka, kwa nini jina lake lilipotea kwa miaka kadhaa, na lilirudije.

Kwa ufupi

Jina: Troy Parrott
Kuzaliwa: Februari 4, 2002, Dublin, Ireland
Nafasi: mshambuliaji wa kati
Klabu: AZ Alkmaar, Uholanzi (tangu Julai 2024)
Klabu alizopitia: Tottenham Hotspur, na kwa mkopo Millwall, Ipswich Town, MK Dons, Preston North End na Excelsior
Timu ya taifa: alianza kuichezea Jamhuri ya Ireland Novemba 2019

Mtoto wa katikati ya jiji

Parrott alizaliwa na kukulia upande wa kaskazini wa katikati ya jiji la Dublin, eneo la watu wa kipato cha chini lenye nyumba zilizobanana na watoto wanaochezea mpira barabarani. Mwaka aliozaliwa una maana yake. Ilikuwa 2002, na miezi michache baadaye Ireland ilicheza Kombe la Dunia nchini Japani na Korea Kusini, ambako bao la dakika za mwisho la Robbie Keane liliwapa sare ya 1-1 na Ujerumani. Tangu mwaka huo, timu ya wanaume ya Ireland haijafuzu tena Kombe la Dunia. Kwa maneno mengine, Parrott na rika lake hawajawahi kuiona nchi yao ikicheza fainali hizo wakiwa na umri wa kuelewa.

Mpira aliujifunza katika Belvedere, klabu ya vijana ya Dublin inayojulikana kwa kulea wachezaji. Mwaka 2017, akiwa na umri wa miaka 15, alikwenda London kujiunga na akademi ya Tottenham Hotspur.

Hiyo ndiyo iliyokuwa njia ya kawaida. Kwa miongo mingi mtoto wa Ireland mwenye kipaji alivuka bahari kwenda Uingereza akiwa bado na umri wa shule. Ligi ya nyumbani haikuwa na fedha za kumzuia, na ndani ya Ireland yenyewe soka hugombea vijana na michezo ya jadi ya Kigaeli, ambayo ina mizizi karibu kila kijiji. Waliofanikiwa ng'ambo tunawajua kwa majina. Waliorudi nyumbani kimyakimya wakiwa na miaka 19 au 20 ni wengi zaidi, na majina yao hatuyajui.

Mpira wa zawadi

Kwa Parrott mambo yalianza vizuri. Septemba 2019, akiwa na miaka 17, alianza mechi yake ya kwanza ya kikosi cha wakubwa, Kombe la Ligi dhidi ya Colchester United. Novemba 14 mwaka huo aliichezea timu ya taifa kwa mara ya kwanza, katika mechi ya kirafiki ambayo Ireland iliifunga New Zealand 3-1 mjini Dublin.

Desemba 7, 2019, Tottenham iliifunga Burnley 5-0. Siku hiyo hukumbukwa kwa bao la Son Heung-min, aliyekimbia na mpira kutoka karibu na eneo lake la hatari hadi langoni mwa Burnley, bao lililoshinda tuzo ya Puskás ya FIFA. Mwishoni mwa mechi hiyo hiyo Parrott aliingizwa na kucheza Ligi Kuu ya England kwa mara ya kwanza. Kipenga kilipolia, kocha José Mourinho aliuchukua mpira wa mechi na kumkabidhi kijana huyo kama kumbukumbu.

Muda mfupi baadaye mshambuliaji Harry Kane aliumia, kisha Son naye akavunjika mkono. Mashabiki wakauliza kwa nini Parrott hapangwi. Mourinho alirudia kusema kwamba kijana hakuwa tayari. Machi 4, 2020, mwezi mmoja baada ya kutimiza miaka 18, aliingia katika mechi ya Kombe la FA dhidi ya Norwich City. Mechi ikaenda kwenye mikwaju ya penalti, Parrott akapiga, kipa Tim Krul akapangua, na Tottenham ikatolewa. Siku chache baadaye janga la corona likasimamisha soka. Parrott hakuwahi kuifungia Tottenham bao katika mechi ya mashindano.

Klabu tano, misimu minne

Kuanzia hapo maisha yake yakawa ya mkopo, na ni vyema tueleze maana yake, kwa kuwa utaratibu huu ndio unaoamua hatima ya vijana wengi.

Mchezaji anapotolewa kwa mkopo, mkataba wake unabaki kwa klabu inayommiliki. Klabu inayomkopa humtumia kwa nusu msimu au msimu mzima, mara nyingi ikichangia mshahara. Kwa karatasi kila upande unafaidika: klabu kubwa inamkuza mchezaji wake, ndogo inapata kipaji ambacho isingeweza kukinunua, na kijana anapata dakika za kucheza. Lakini kocha wa klabu ndogo anahitaji pointi Jumamosi hii. Hana sababu ya kumvumilia kijana asiyefunga, ambaye mwezi wa sita ataondoka. Na kijana mwenyewe kila mwaka anahamia mji mpya, wenzake wapya na mfumo mpya wa uchezaji.

Msimu wa 2020/21 Parrott alipelekwa Millwall, daraja la pili. Majeraha yalimwandama na hakufunga bao. Katikati ya msimu akahamishiwa Ipswich Town, daraja la tatu. Msimu uliofuata alikuwa MK Dons, pia daraja la tatu, na huko angalau alipata msimu kamili. Timu ilifika mechi za mchujo wa kupanda daraja lakini ikashindwa kuvuka. Msimu wa 2022/23 alikwenda Preston North End, daraja la pili. Jeraha la misuli ya paja lilimweka nje kwa wiki nyingi, na mabao yakawa haba.

Katika miaka hiyo timu ya taifa ndiyo iliyomshikilia. Juni 2021 alifunga mabao mawili dhidi ya Andorra, mabao yake ya kwanza kwa Ireland. Machi 2022 alifunga bao pekee dhidi ya Lithuania katika dakika za nyongeza, na Juni mwaka huo alifunga katika ushindi wa 3-0 dhidi ya Scotland. Lakini mshambuliaji hupimwa kila wiki katika klabu yake, na huko alikuwa anafika miaka 21 bila klabu aliyoweza kuiita yake.

Uholanzi yabadilisha mambo

Kiangazi cha 2023 Tottenham ilimtoa kwa mkopo tena, safari hii nje ya Uingereza: Excelsior, klabu ndogo ya Rotterdam inayoishi chini ya kivuli cha jirani yake mkubwa, Feyenoord.

Uholanzi ni shule ya washambuliaji, na tunaposema hivyo hatumaanishi majina makubwa tu. Timu nyingi za ligi ya huko, hata zile za mkiani, hujaribu kujenga mashambulizi kwa pasi badala ya kurusha mipira mirefu. Mabeki huacha nafasi. Mshambuliaji anayejua kukimbia kwa wakati, kama Parrott, hupata nafasi tatu au nne kwa mechi, mahali ambapo katika daraja la pili la England angepata moja na kiwiko juu yake.

Alifunga mabao 10 ya ligi, na mengine katika mechi za mchujo wa kukwepa kushuka daraja. Hayakutosha: Excelsior ilishindwa na NAC Breda katika hatua ya mwisho na ikashuka. Lakini Parrott alikuwa ameonekana. Julai 2024 AZ Alkmaar ilimnunua na kumpa mkataba wa miaka mitano. Kwa mara ya kwanza tangu akiwa na miaka 18, hakuwa mchezaji wa kuazimwa.

Matokeo hayakuchelewa. Septemba 2024 AZ iliifunga Heerenveen 9-1, na manne kati ya mabao hayo yalikuwa ya Parrott. Alimaliza msimu huo wa kwanza akiwa na mabao 20 katika mashindano yote, 14 kati yake ya ligi. Katika Ligi ya Europa alikutana na Tottenham, klabu iliyomwacha, ambayo iliitoa AZ katika hatua ya 16 bora na baadaye kutwaa kombe. Aprili 2025 aliifungia AZ kwa penalti katika fainali ya Kombe la Uholanzi, lakini Go Ahead Eagles ilisawazisha dakika za majeruhi na kushinda kwa mikwaju ya penalti.

Msimu wa 2025/26 aliuanza kwa kasi katika mechi za awali za Ligi ya Conference, kisha jeraha la goti likamweka nje. Aliporejea, Novemba ilikuwa inabisha hodi.

Siku nne za Novemba

Ireland ilikuwa Kundi F pamoja na Ureno, Hungary na Armenia. Ilianza vibaya: sare ya 2-2 na Hungary nyumbani, kisha kipigo cha 2-1 huko Armenia. Kocha Heimir Hallgrímsson, raia wa Iceland ambaye pia ni daktari wa meno, alikuwa akikosolewa vikali. Baada ya mechi nne Ireland ilikuwa na pointi nne tu. Mabao yake mengi yalikuwa yametoka kwa Evan Ferguson, kijana wa Roma aliyezaliwa 2004, na Novemba Ferguson alikuwa majeruhi. Nafasi ya mbele ikawa ya Parrott.

Novemba 13, mjini Dublin, alifunga mabao mawili kipindi cha kwanza, na Ireland ikaishinda Ureno 2-0. Katika mechi hiyo Cristiano Ronaldo alionyeshwa kadi nyekundu, ya kwanza katika maisha yake ya timu ya taifa.

Siku tatu baadaye ikaja Budapest. Hungary iliongoza dakika ya tatu. Parrott akasawazisha kwa penalti. Hungary ikaongoza tena kabla ya mapumziko. Dakika ya 80 Parrott alipokea pasi ya Finn Azaz na kuuinua mpira juu ya kipa. Kisha likaja lile la dakika ya 96. Ireland ikamaliza na pointi 10, Hungary 8. Wenyeji waliketi chini uwanjani wakiwa hawaamini, na mahesabu yao ya Kombe la Dunia yakaishia hapo.

Parrott alihojiwa na televisheni akiwa analia. Familia yake ilikuwa uwanjani, na alisema ilikuwa miaka mingi tangu alie kwa mara ya mwisho.

Njia iliyofungwa

Je, kijana mwingine wa Dublin anaweza kupita alikopita Parrott? Si kwa namna ileile. Baada ya Uingereza kujitoa katika Umoja wa Ulaya, tangu Januari 2021 klabu za England haziruhusiwi kumsajili mchezaji kutoka Ireland kabla hajatimiza miaka 18. Mfano ni Mason Melia wa St Patrick's Athletic: Tottenham ilikubaliana na klabu yake mapema 2025, lakini uhamisho ukapangwa Januari 2026, akiwa tayari na miaka 18. Wasiotaka kusubiri wanaweza kwenda nchi za Umoja wa Ulaya kuanzia miaka 16, na Uholanzi ni mojawapo.

Wapo Ireland wanaolalamika kwamba sheria hiyo imewabana vijana. Wapo pia wanaoona imewapa muda wa kukomaa nyumbani, kucheza na watu wazima na kumaliza shule kabla ya kuondoka. Tukiitazama safari ya Parrott, hoja hiyo ya pili ina uzito: miaka yake migumu zaidi ilikuwa ile aliyokuwa mali ya klabu kubwa lakini hana timu.

Nini kinafuata?

Kumaliza nafasi ya pili hakukuipeleka Ireland moja kwa moja Kombe la Dunia. Kumeipa nafasi katika mchujo wa Ulaya. Ireland ilipangwa kucheza ugenini dhidi ya Jamhuri ya Czech mjini Prague, Machi 26, 2026. Ilikuwa mechi moja tu, bila marudiano. Kama ingeshinda, ingecheza fainali ya njia hiyo nyumbani Dublin. Kama ingeshindwa, miaka 24 ya kusubiri ingeongezeka minne mingine.

Kuhusu Parrott, swali si tena kama anaweza kufunga. Klabu kubwa sasa zinamfuatilia, na ataitwa tena kwenye milango iliyowahi kufungwa mbele yake. Uamuzi atakaoufanya utatuonyesha alichojifunza katika ile misimu minne ya kubeba begi: kwamba ukubwa wa jina la klabu haumfai mshambuliaji ikiwa Jumamosi anaketi benchi.